Maneno Yote, Kabla ya Picha

Habari ya vijana wanne wa filamu waliokamatwa Nairobi Ijumaa ya tarehe 2 Mei 2025 mmeshaisikia, na vyombo vyao kubebwa mmesikia. Hatutairudia. Sisi huku Likoni tunahofia zaidi kile kitakachobaki kelele zikitulia: Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani. Ni sheria ya 1962, mkoloni angali amekalia kiti.

Kifungu kimoja cha sheria hiyo kinamtaka anayeomba leseni ya kutengeneza filamu apeleke maelezo kamili ya maonyesho na maneno yote yatakayosemwa. Maneno yote. Kabla ya picha ya kwanza.

Hebu teremka ufukwe wa Shelly alfajiri, maji yakipwa. Kijana ameegemeza simu kwenye jiwe la matumbawe, anamrekodi mzee akinasua tafi na changu kwenye wavu. Mzee kimya, vidole tu vinakwenda. Mara, bila kuulizwa, anaanza kumtaja nduguye aliyepotelea baharini. Nani angeyaandika maneno hayo jana yake, ayapeleke yakapigwe muhuri? Maneno yote!

Mtazameni Philippa Ndisi-Herrmann. Alikwenda Lamu kutengeneza filamu ya makala kuhusu bandari kubwa iliyokuwa ikijengwa. Bandari ndiyo iliyompeleka, Lamu ikamgeuza. Alisilimu, na filamu ikageuka pamoja naye, ikawa safari ya moyo wake, bandari ikiwa mbali kwenye upeo wa macho. Akaiita New Moon. Mwaka 2018, tamasha la Durban likaitunuku kuwa filamu bora ya makala. Sasa mwambieni mtu kama huyo aandike mapema maneno yote! Filamu yenyewe ilikuwa bado haijamjia. Ustadi wake ulikuwa kukubali kutojua, akaendelea kutazama, akajiweka wazi mbele ya kamera yake mwenyewe. Sheria ya 1962 haina nafasi ya mtu wa namna hiyo. Ina nafasi ya anayejua jibu kabla ya kuuliza, na filamu za hivyo tumeshazichoka.

Wanaotuambia kwamba kifungu hicho kimelala, hakitumiki sana, wasitutulize. Kifungu kilicholala huamshwa siku mkubwa anapokasirika.

Wabunge wa Pwani, mlivuka feri kuja kutuomba kura. Kifuteni kifungu hicho. Msikirekebishe, kifuteni! Nanyi vijana wa Mtongwe, Shika Adabu, Kisauni na Changamwe, msikae mkingoja kufutiwa. Waandikieni wabunge wenu, wapigieni, wafuateni mpaka ofisini. Na likiitishwa baraza la maoni ya umma, jazeni ukumbi mpaka watu wasimame nje. Semeni kwa Kiswahili, semeni kwa Kidigo, na mtake majibu siku hiyo hiyo.