Maji, Wakati na Kumbukumbu: Masasi na Newala katika Taaluma za Kiswahili

1.0 Utangulizi

Mwaka 1988 mwanasayansi Mfaransa Jacques Benveniste na wenzake walichapisha katika jarida la Nature makala iliyodai kuwa maji huhifadhi athari ya dutu hata baada ya kuzimuliwa kiasi kwamba dutu yenyewe haimo tena. Dai hilo lilipata umaarufu kwa jina la "kumbukumbu ya maji". Majaribio yaliporudiwa mwaka huohuo mbele ya wachunguzi wa jarida, hayakulithibitisha. Sayansi hiyo, basi, ilibaki ya kufikirika. Hata hivyo, swali iliyoliibua lina uzito katika taaluma za lugha: je, maji hutunza wakati, na kama hutunza, nani ausome?

Mhadhara huu unalijibu swali hilo kwa kuangalia Newala, iliyo juu ya uwanda wa Makonde, na Masasi, iliyo chini upande wa magharibi. Hoja kuu ni kwamba maji huweza kuwa na umri, lakini kumbukumbu haimo majini. Imo katika lugha za watu wanaoyatafuta.

2.0 Umri wa Maji

Uwanda wa Makonde hupata mvua ya msimu mmoja, takriban kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili au Mei. Mvua hiyo ikishanyesha haikai juu. Udongo wa kichanga huinywa, nayo hushuka ardhini hadi kutokeza chemchemi kwenye kingo za uwanda. Ndiyo maana Newala, yenye mvua za kutosha kustawisha mashamba, haikuwa na mito, na wanawake wake walilazimika kuteremka magenge kwa saa nyingi kufuata maji mabondeni.

Kati ya mvua na chemchemi kuna muda, na wanasayansi wana njia za kuupima. Majaribio ya mabomu ya haidrojeni ya miaka ya 1950 na mwanzoni mwa 1960 yaliongeza angani tritiamu, ambayo hupungua kwa nusu kila miaka 12.3 hivi. Kiasi chake kikipimwa kisimani, huweza kuonyesha kama maji yalinyesha kabla au baada ya majaribio hayo. Kwa maji ya kale zaidi hutumika kaboni-14. Vipimo hivyo hutoa umri tu, wala havisemi nani aliyachota maji hayo, wala alikwenda kuyachota kwa njia ipi.

3.0 Maji katika Simulizi ya Asili

Mjerumani Karl Weule alifika Masasi na Newala mwaka 1906. Katika kitabu chake cha 1908 imo simulizi ya asili ya Wamakonde. Kiumbe mmoja aliyeishi peke yake porini, asiyeoga wala kunyoa, alichonga kinyago cha mti, na usiku kinyago hicho kikageuka mwanamke. Wawili hao walikwenda mto Ruvuma, na huko mtoto wao akazaliwa mfu. Walihamia bonde la Mbwemkuru, na mtoto wa pili naye akazaliwa mfu. Waliporejea juu, Mahuta, mtoto wa tatu alizaliwa hai. Kutokana na hayo, wazao waliagizwa wasijenge mabondeni karibu na maji mengi.

Simulizi hii hupanga wakati kwa maji. Hakuna mwaka unaotajwa, lakini kuna mfuatano: mto, bonde, kisha uwanda. Ndani yake mna maarifa ya afya, kwani mabonde yalikuwa na maradhi, yakiwemo malaria. Wanahistoria wameongeza sababu ya usalama, kwa kuwa vichaka vya uwanda vilikuwa kimbilio wakati wa mashambulizi na biashara ya watumwa. Agizo moja kuhusu maji limebeba uzoefu wa vizazi vingi.

4.0 Neno "Maji" na Vita vya 1905

Mwaka 1876 Askofu Edward Steere, mtunzi wa kitabu cha sarufi ya Kiswahili cha 1870, aliwapeleka Masasi watumwa waliokombolewa kutoka Unguja. Kwa hiyo Kiswahili kilikuwa na makao huko mapema. Mwaka 1905 vita vya Maji Maji vilifika Masasi, na misheni ikateketezwa.

Wamakonde huyaita maji medi, na Wayao huyaita meesi. Maneno hayo na maji ya Kiswahili ni ya asili moja ya Kibantu. Lakini vita vilibaki katika historia kwa umbo la Kiswahili. Dawa ya Kinjikitile Ngwale haikuzuia risasi, ila neno lililoibeba lilidumu. Mwaka 1968 watafiti na wanafunzi wa chuo kikuu cha Dar es Salaam walikusanya masimulizi ya wazee, na mwaka 1969 Ebrahim Hussein alichapisha tamthilia ya Kinjeketile. Bila kazi ya namna hiyo, Maji Maji ingejulikana zaidi kwa ripoti za watawala.

5.0 Hitimisho

Kuanzia miaka ya 1950 mitambo ilianza kusukuma maji kutoka bonde la Kitangari hadi juu ya uwanda. Mradi huo uliwapunguzia wanawake mzigo mzito, na hakuna sababu ya kuutamani mzigo huo urudi. Lakini kila njia ya kuteremkia ilikuwa na majina ya mahali, ya vituo vya kupumzikia na ya visima. Njia isipopitwa, majina yake hukosa wa kuyatamka.

Kiswahili kina wajibu hapa. Kililitunza jina la vita, lakini hakiwezi kuyatunza majina ya njia hizo kwa kuyatafsiri tu. Yanapaswa kuandikwa kwa Kimakonde, Kiyao na Kimakua kwanza, pamoja na masimulizi yake, ndipo yafafanuliwe kwa Kiswahili. Wazee walioteremka magenge hayo wanazidi kupungua. Wahenga walisema maji yakimwagika hayazoleki. Masimulizi yao bado hayajamwagika yote, na kazi ya kuyakinga ni ya wanafunzi wa lugha wa sasa.