Kufuli ya Difu Ikigoma, Tupime Kwanza

Maneno yaliyosemwa mbele ya wanachama, Butula

Ndugu wafanyakazi,

Sisi ni watu wa reli, lakini wengi wetu hupelekwa kazini kwa gari la magurudumu manne. Masika ikifika, tukiiacha lami ya Mumias na Bumala, ni matope. Gari likizama, kufuli ya difu ikakataa, lawama humwangukia dereva. Basi tuujue ugonjwa wenyewe.

Difu huyaacha magurudumu mawili yapishane mwendo kwenye kona. Katika tope, lile linaloteleza huzunguka bure, mwenzake husimama. Kufuli huyafunga yaende pamoja. Katika Toyota nyingi mota ndogo ya umeme husukuma uma, nao uma husukuma klachi ya meno. Mota ikikaa miezi bila kazi, maji yakaingia, hushika kutu.

Tupime hivi, penye udongo wala si kwenye lami:

1. Tia gia nzito, washa kufuli. Taa ikimetameta, klachi haijaingia. Songa polepole hatua chache, meno yakutane.

2. Ikizidi kumetameta, zima injini, acha ufunguo umewashwa. Mwenzako azungushe swichi, wewe sikiliza kwenye difu.

3. Hakuna sauti? Tazama fyuzi, waya na plagi, kisha pima kwa taa ya volti 12 wakati swichi inapozungushwa. Umeme ukifika na mota iko kimya, mota ndiyo mgonjwa.

4. Mota inalia lakini taa inametameta? Tazama uma na klachi, na ile swichi ndogo ya taa iliyo kwenye difu.

Asilale mtu chini ya gari lililoshikwa na jeki peke yake.

Kisha tuandike: tarehe, tulichopima, tulichokuta. Nakala moja apewe mwakilishi wa chama. Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007, kifungu cha 19, yamruhusu mwajiri kukata mshahara kwa kiasi cha haki, mali ikiharibika kwa kosa la kusudi la mfanyakazi. Kutu si kusudi la mtu. Lakini bila karatasi, dereva atajitetea kwa mdomo mtupu.

Na kila mwezi tuiwashe kufuli mara moja, penye udongo, mota isilale.

Ndugu, spana bila kupima ni hasara. Umoja ni nguvu.