MWAMBIE DAKTARI KILA DAWA UNAYOTUMIA
Hotuba ya Katibu wa Vijana mbele ya mkutano wa tawi



Mimi si daktari. Kazi niliyosomea ni ualimu. Lakini mwalimu akijua jambo liwezalo kuokoa maisha akanyamaza, amekosa. Siku zote twasema adui zetu ni ujinga, maradhi na umaskini. Leo nitawaonyesha mahali ambapo ujinga huyapa maradhi nguvu: ni pale mgonjwa anapokwenda kupasuliwa huku amemficha daktari dawa anazotumia.

Mjomba wangu alipasuliwa ngiri. Kabla ya siku ile aliulizwa, "Mzee, unatumia dawa yo yote?" Akajibu, "Situmii." Kumbe kwa miezi mingi alikuwa akimeza aspirini kila asubuhi kwa ajili ya goti, na jioni akinywa mizizi aliyopewa na mganga. Aspirini hakuihesabu kuwa dawa, maana hununuliwa dukani pamoja na sukari. Mizizi aliona haya kuitaja, akiogopa kukemewa. Usiku ule jeraha likajaa damu, akarudishwa kupasuliwa mara ya pili, nasi jamaa tukakimbilia kutoa damu. Alipona, lakini nusura tumpoteze.

Kwa nini? Katika damu mna chembe ndogo ndogo zinazokusanyika na kuziba kidonda. Aspirini huzizuia chembe hizo, na nguvu yake hukaa siku 7 mpaka 10 hata ukiacha kumeza. Iko pia warfarini, iliyoanza kuuzwa mwaka 1948 kuwa sumu ya panya, kisha mwaka 1954 ikaruhusiwa kwa binadamu ili damu isigande ovyo mwilini. Mwenye kuitumia asipojulikana, kisu chaweza kumtoa damu isiyozuilika upesi.

Lakini msitoke hapa mkazitupa dawa zenu! Kuacha ghafula nako ni hatari. Mwaka 1952 madaktari wa Marekani waliandika habari za mgonjwa wa baridi yabisi aliyekuwa akitumia kotisoni. Alipasuliwa, akafa. Mwili uliozoea kuletewa dawa hiyo hulegea katika kujitengenezea ya kwake, na siku ya shida hauna akiba. Kadhalika mwenye presha, kisukari au kifafa asijiamulie mwenyewe. Kuacha au kuendelea ni shauri la daktari, naye hawezi kulikata asipoambiwa kweli.

Wala msidhani maswali ya hospitali ni udadisi. Mwaka 2008 Shirika la Afya Duniani lilitoa orodha ya mambo 19 ya kuhakikishwa kila mtu anapopasuliwa. Mathalani: Je, iko dawa inayomdhuru mgonjwa huyu? Je, dawa ya kuzuia vijidudu, ikiwa yahitajiwa, imetolewa katika dakika 60 kabla ya kisu? Orodha hiyo ilijaribiwa katika miji 8 ya dunia, na mmoja ni Ifakara, hapa kwetu. Kabla yake, katika kila wagonjwa 1,000 wa miji ile walikufa 15. Baada yake, 8. Hayo ni matunda ya kuuliza na kujibu.

Na sigara je? Shirika hilo hilo lilieleza mwaka 2020 kwamba mvutaji akiacha wiki 4 au zaidi kabla ya kupasuliwa, hupunguza hatari ya matatizo. Basi mvutaji naye aseme.

Kwa watumishi wa hospitali nasema: msimkemee mzee anayetaja mizizi yake. Ukimkemea leo, kesho atakuficha, na wa tatu atakufa. Kwa wazee wetu nasema: dawa za babu zetu si aibu, aibu ni kuzificha mbele ya mtu anayetaka kukuponya.

Vijana, kazi yenu ni hii. Jioni ya leo kila ajuaye kusoma akae na wazee wa nyumba yake, waandike katika karatasi moja kila kidonge, kila sindano, kila mzizi. Karatasi hiyo iwekwe pamoja na kadi ya hospitali. Haina gharama, wala haingoji msaada wa mtu.