Sanamu mjini, mti porini

Wasikilizaji, kilomita 50 hivi kutoka hapa Lubumbashi, kwenye pori la Shilatembo, usiku wa tarehe 17 Januari 1961, watu watatu walisimamishwa mmoja baada ya mwingine mbele ya mti, wakapigwa risasi: Joseph Okito, Maurice Mpolo, na mwisho kiongozi wao Patrice Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa Kongo huru. Baadaye miili ikafukuliwa, ikakatwakatwa na kuyeyushwa kwa asidi, ili pasiwe na kaburi la kuliliwa. Likabaki jino la Lumumba. Ubelgiji ililirudisha Juni 2022, likapitishwa Shilatembo kabla ya kuzikwa Kinshasa.

Katikati ya mji wetu imesimama sanamu ya Moïse Tshombe, aliyekuwa rais wa Katanga ilipojitenga na Kongo. Naye alikuwepo porini usiku ule. Wako wanaompenda kwa dhati, na sisemi ang'olewe. Lakini mtoto anayepita pale kila siku, asiyewahi kufikishwa Shilatembo wala kwenye nyumba ya Brouwez walikoteswa mateka wale, anafundishwa nusu ya habari, na nusu hiyo inamdanganya.

Walimu, wazazi, Januari ikifika wapelekeni watoto kote kuwili. Waelezeni yote, pamoja na yanayotuuma sisi Wakatanga.