Watu wa Soko la Samaki, Tokyo

Leo nataka kuwaelezeni habari za watu wa kazi wa soko la samaki la Tsukiji, katika mji wa Tokyo, Japani. Soko hilo lilifunguliwa mwaka wa 1935, baada ya lile la zamani la Nihonbashi kuharibiwa na tetemeko la nchi mwaka wa 1923.

Kazi ilianza kabla ya alfajiri. Jodari walilazwa sakafuni safu safu, na mnunuzi alimulika kwa tochi penye mkato wa mkia, apate kujua rangi na mafuta ya nyama, maana kosa moja lilikuwa hasara. Dalali alipiga kengele, nao wanunuzi wakataja bei kwa vidole.

Mwaka wa 2018 soko la jumla lilihamishwa Toyosu. Wafanya biashara wengi walipinga, kwa kuwa zamani palikuwa na kiwanda cha gesi, na udongo ulikuwa na sumu. Uhamisho ulicheleweshwa miaka miwili. Wengine, wazee, walifunga biashara. Wenye maduka ya nje walibaki Tsukiji.

Basi yatupasa kukumbuka: jengo jipya hupatikana kwa fedha, lakini ujuzi wa jicho na mkono hupatikana kwa miaka.