Kakamatwa Ndugu Yako: Jaji Atataka Kuona Nini?

Uko kazini Madinat Sultan Qaboos, Muscat, Oman, simu inaingia kutoka Nairobi: kaka yako kachukuliwa usiku na watu wasiovaa sare, na kila kituo cha polisi kinakana kuwa naye.

Kifungu cha 51 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinatoa haki ya kuomba amri ya habeas corpus, anayemshikilia amlete mbele ya jaji. Kifungu cha 25 kinakataza haki hiyo kupunguzwa. Lakini familia nyingi hukwama hapa: kupotea kwa mtu peke yake hakutoshi. Jaji anataka dalili kwamba mnayemlalamikia ndiye aliye naye.

Basi atafutwe aliyeona. Mlinzi wa geti, muuza duka, kijana wa bodaboda. Aeleze kwa hati ya kiapo: saa ngapi, wapi, gari gani na namba gani, kama pingu zilikuwapo, walijitaja kuwa nani. Kiapo cha jirani aliyeona kina uzito kuliko machozi ya mama mzazi, ingawa inauma kusema hivyo. Wewe wa Muscat apa unalolijua mwenyewe, kama mazungumzo yenu ya mwisho. La kuambiwa, mtaje aliyekwambia. Sauti za WhatsApp usizifute, na simu iliyozipokea itunzwe. Wa nyumbani waripoti kituoni na wadai namba ya OB (kitabu cha matukio cha polisi), ionekane waliuliza na wakajibiwa nini.

Mfano: Agosti 2024 watu watatu walichukuliwa Kitengela, Kenya, kesi ikafunguliwa. Aliyekuwa Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, Gilbert Masengeli, alipoitwa mara kwa mara asifike, Jaji Lawrence Mugambi alimhukumu Septemba 13 kifungo cha miezi 6 kwa kudharau mahakama. Adhabu ilifutwa baadaye alipojitokeza, lakini wiki moja tu baada ya hukumu wale watatu walikuwa huru.

Aliyekamatwa hapa Oman ana njia nyingine. Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya 1999 kwa kawaida inawapa polisi saa 48 kumfikisha kwa Mashtaka ya Umma. Kaulizie huko, na ubalozi wako ujue.

Kwa aliye Kenya, usingoje kesho. Mpigie aliyeona sasa hivi, aandike kabla hajasahau namba ya gari, kisha wakili apewe.