Mama Mwenye Mtoto Mchanga Akifika Mtumba
Mada iliyowasilishwa kwa maofisa tawala na wasimamizi wa majengo, Mtumba, Dodoma



Mtoto wa miezi mitatu anayepakatwa hakatiwi tiketi ya basi. Hana namba ya kiti, na akifika getini hapa Mtumba jina lake haliandikwi kwenye kitabu cha wageni. Ndiyo maana tukipanga vyoo, viti vya kusubiria na vituo vya mapumziko, tunapanga kwa idadi ambayo yeye hayumo. Nimekuja kuomba aingizwe kwenye hesabu.

Mji huu wa Serikali ulizinduliwa tarehe 13 Aprili 2019, kilomita 17 hivi kutoka katikati ya jiji. Anayefuatilia mafao, uhamisho au shauri la ardhi hushuka stendi kuu ya Nanenane, au stesheni ya treni ya SGR iliyoanza kuleta abiria kutoka Dar es Salaam tarehe 25 Julai 2024, kisha hutafuta daladala au bajaji mpaka huku. Miongoni mwao wamo walimu na wauguzi waliojifungua juzi tu. Mtoto anayenyonya hawezi kuachwa Kondoa au Manyoni siku nzima, kwa hiyo anakuja na mama yake.

Naomba tukae kidogo kwenye suala la kunyonyesha, maana hapo ndipo afya ya mtoto inapoponea au kuharibika. Mtoto mchanga hunyonya mara 8 hadi 12 kwa siku, usiku na mchana. Shirika la Afya Duniani linashauri apewe maziwa ya mama peke yake kwa miezi 6 ya mwanzo, bila hata maji, kisha aendelee kunyonya huku akila vyakula vingine mpaka miaka 2 au zaidi. Hapa Dodoma, jua la Oktoba linapowaka na vumbi kutimka, wengi huona ni ukatili kumnyima mtoto maji. Lakini sehemu kubwa ya maziwa ya mama ni maji, na mtoto akinyonya kila anapotaka, kiu yake inakatika. Sasa mama huyo mweke kwenye benchi la mapokezi, katikati ya wanaume asiowajua. Anaona haya na kuahirisha. Mtoto akilia, jirani mwenye huruma anampa mama chupa ya maji, na mama anamnywesha. Maji yale yakiwa si salama, kesho mtoto anaharisha. Mama naye matiti yamejaa na kuuma, na akizoea kuahirisha, maziwa hupungua, kwa sababu mwili hutengeneza maziwa kadiri mtoto anavyonyonya. Yote hayo yangezuiwa na kiti nyuma ya mlango unaofungwa.

Sheria yetu ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inampa mama likizo ya uzazi ya siku 84, au 100 akijifungua zaidi ya mtoto mmoja, na akirudi kazini anaruhusiwa hadi saa mbili kwa siku za kunyonyesha. Huo ni muda, na muda bila mahali pa kukaa haumfikishi mtoto kwenye ziwa. Tena muda huo ni wa mwajiriwa, wala haumgusi mwananchi aliyekuja kuhudumiwa. Wenzetu wa Kenya, katika Sheria ya Afya ya mwaka 2017, wamemtaka mwajiri atenge chumba cha kunyonyeshea chenye maji ya kunawa, jokofu, umeme, meza na viti, na wakasema wazi kisiwe chooni. Hata hivyo tarehe 7 Agosti 2019, ndani ya Wiki ya Unyonyeshaji Duniani, mbunge wa Kwale, Zuleikha Hassan, alitolewa katika ukumbi wa Bunge la Kenya kwa kuingia na mwanawe wa miezi mitano. Ikiwa waliotunga sheria ile walishindwa kumpokea mtoto wa mwenzao, basi karatasi peke yake haitatufikisha.

Choo nacho tunaona haya kukizungumzia, nami nitakizungumzia. Mama anayesafiri peke yake na mtoto afanyeje anapotaka kujisaidia? Basi likisimama njiani watu wachimbe dawa, anashuka na mtoto mgongoni. Stendi anakuta choo cha kuchuchumaa, sakafu imelowa, hakuna msumari wa kutundika mkoba wala ubao wa kumlaza mtoto. Ama ajisaidie akiwa amembeba kwenye mbeleko, ama amwachie mtu asiyemjua. Hakuna mzazi anayepaswa kuchagua kati ya hayo mawili. Ndoano imara, ubao wa kubadilishia nepi uliofungwa ukutani na ndoo ya taka yenye mfuniko ni vitu ambavyo fundi wa kawaida anavimaliza kwa siku moja. Navyo viwekwe pia upande wa wanaume. Marekani, sheria ya mwaka 2016 ilitaka majengo ya serikali kuu yanayopokea umma yawe na meza za kubadilishia nepi katika vyoo vya wanawake na vya wanaume, kwa sababu baba naye husafiri na mwanawe.

Mtoto anayetembea ana mahitaji yake: kivuli, sehemu salama mbali na magari na ngazi, na chakula laini. Mpaka sasa anayewahudumia watoto hawa stendi ni mama lishe. Ndiye anayetoa maji ya moto ya kukorogea uji, ndiye anayesogeza benchi nyuma ya kibanda ili mwenzake anyonyeshe. Tukipanga upya maeneo ya biashara, tusiwasukume mama lishe hawa mbali na abiria. Tuwapatie maji safi ya bomba karibu.

Majengo madogo ya awamu ya kwanza hapa Mtumba yanafuatiwa na maghorofa. Mnaosimamia ujenzi mna nafasi adimu: chumba cha kunyonyeshea kinachochorwa leo ni rahisi kuliko kinachobomolewa ukuta kesho. Kiwe karibu na mapokezi, na kibao chake kisomeke tangu getini. Mlinzi afundishwe kumwelekeza mzazi kabla hajaulizwa, kwa kuwa mgeni hajui kama kuna cha kuuliza.

Kwa kazi ya vikundi mchana huu, kila mmoja achukue ramani ya jengo lake na kuonyesha kwa kalamu njia ya mama mwenye mtoto mgongoni, kuanzia getini mpaka pa kunyonyeshea na chooni. Kisha aandike ufunguo wa chumba hicho unakaa kwa nani, na nani anakuwa nao huyo akiwa likizo.